Gari lenye moyo wa ndege

Je, wajua kwamba gari lililomwingiza Soichiro Honda katika mashindano lilikuwa na injini ya ndege?

Septemba 1, 1923, tetemeko kubwa liliikumba Tokyo na Yokohama, na moto uliofuata ukateketeza mitaa mizima. Gereji ya Art Shokai, ambako Honda, mzaliwa wa 1906, alikuwa akijifunza ufundi, nayo iliungua. Mafundi wengi walirudi makwao. Yeye akabaki na tajiri wake, Yuzo Sakakibara, wakifufua magari yaliyoungua.

Mchana walihudumia wateja, usiku wakaunda gari lao la mashindano. Walichukua chesisi ya Mitchell, gari la Kimarekani, wakaifunga injini ya Curtiss OX-5 iliyotoka kwenye ndege. Ilikuwa na silinda nane zilizopangwa kwa umbo la V, zenye ujazo wa lita 8.2, na ilitoa nguvu za farasi 90 hivi kwa mizunguko 1,400 tu kwa dakika. Rafadha ikizungushwa kasi kupita kiasi hupoteza ufanisi, ndiyo maana injini za ndege za wakati ule zilizunguka taratibu. Nguvu yao ilitokana na ukubwa wa silinda. Honda alichonga kwa mkono spoki za mbao za magurudumu.

Kwenye sinema za enzi hizo magari yalikimbia bila sauti. Benshi, msimulizi aliyekaa kando ya pazia, ndiye aliyewaeleza watazamaji kinachotokea. Uwanjani hakuhitajika benshi: injini ilijisemea yenyewe.

Novemba 23, 1924, gari hilo lilishindana Tsurumi, Yokohama. Shinichi, mdogo wake Yuzo, alishika usukani. Honda alikaa kando yake kama fundi. Kazi ya fundi wa aina hiyo ilikuwa kuchunga injini na matairi huku gari likirushwarushwa na njia ya vumbi. Walishika nafasi ya kwanza.

Mwaka 1936 Honda mwenyewe aliendesha gari la injini ya Ford katika uwanja wa Tamagawa, akapata ajali mbaya iliyomjeruhi yeye na mdogo wake. Kampuni yenye jina lake ilizaliwa 1948.

Gari lile la injini ya Curtiss bado lipo, katika makumbusho ya Honda huko Motegi. Ukibahatika kufika, litazame hilo kwanza kabla ya pikipiki na magari ya Formula 1.