Dhamana kabla ya kukamatwa: jaji hutazama nini?

Siku hizi mtu akisikia tu kwamba askari wameulizia nyumbani kwake, neno la kwanza analoambiwa mtaani ni: "Nenda Mahakama Kuu ukachukue dhamana usikamatwe." Ushauri huo una ukweli, lakini ni nusu yake. Wako wanaomlipa wakili kwa hofu tupu na ombi likatupwa. Na wako waliodhulumiwa kweli wakakosa amri kwa kuwa walikwenda mikono mitupu. Ndiyo maana nimeona leo tulieleze jambo hili.

Tuanze na sheria. Hapa Kenya hakuna kifungu kinachoitaja dhamana hii kwa jina. India waliiandika katika sheria yao ya mwenendo wa jinai ya 1973. Sisi majaji wetu huitoa kwenye Katiba: Kifungu cha 29, kinachokataza mtu kunyimwa uhuru wake kiholela, na Kifungu cha 49, kinachompa aliyekamatwa haki ya dhamana isipokuwa pawe na sababu nzito za kumnyima. Kwa kuwa ni suala la haki za kikatiba, ombi hupelekwa Mahakama Kuu, si kwa hakimu. Huku Pwani Mahakama Kuu iko Mombasa, Malindi, Garsen na Voi.

Wengi hudhani jaji ataangalia kama una hatia au huna. La. Hilo ni la mahakama itakayosikiliza kesi yenyewe. Jaji hapa huuliza mawili: je, hofu yako ina msingi? Na je, kuna chombo cha serikali kinachovunja haki zako, au kilicho karibu kuzivunja? Katika kesi ya W'Njuguna dhidi ya Jamhuri ya 2004, Mahakama Kuu ilieleza kwamba dhamana hii ni ya pale raia anapovunjiwa haki vibaya na chombo kilichopaswa kumlinda. Kesi hiyo bado hutajwa mahakamani.

Wahenga walisema, aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Kazi ya jaji ni kujua kama mbele yako pana nyoka au ung'ongo.

Tuseme una shamba lenye mgogoro huko Kilifi. Askari wamekuja usiku mara tatu bila kutaja kosa, wamemshika mdogo wako "mpaka ujitokeze", na umetumiwa ujumbe kwamba ukitia sahihi hati ya shamba mambo yatakwisha. Huyo ni nyoka. Sasa tuseme umeletewa wito wa maandishi ufike kituoni Jumanne saa nne, uandikishe maelezo kuhusu hundi iliyokataliwa na benki. Hapo polisi wanafanya kazi yao, na jaji huenda akakuambia nenda kaandikishe, na wakili wako ukitaka. Wala usitegemee kusema kwamba mgogoro tayari uko katika mahakama ya ardhi: sheria yetu inaruhusu kesi ya madai na ya jinai ziende sambamba.

Kinachotenganisha mambo haya mawili ni ushahidi. Hati yako ya kiapo itaje tarehe, saa, kituo, namba ya OB, barua za wito na ujumbe wa simu. Waliokuwapo nao waape. Jaji hutazama pia mwenendo wako: ulipoitwa ulikwenda? Makao yako yanajulikana? Ombi likiletwa kwa dharura, unaweza kupewa amri ya muda baada ya kusikizwa peke yako. Lakini polisi na Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma watapewa nafasi ya kujibu, na hapo ndipo ombi lisilo na mizizi huanguka.

Hata ukipewa, amri hiyo haiui upelelezi wala haizuii mashtaka. Kwa kawaida huja na masharti: pesa au mdhamini, kufika kituoni siku uliyopangiwa, pengine kusalimisha pasipoti. Ukishashtakiwa, dhamana yako huamuliwa na mahakama ya kesi.

Kwa maoni yangu, dhamana hii bado tunaihitaji. Katiba inataka aliyekamatwa afikishwe mahakamani ndani ya saa 24, lakini saa hizo zikiishia siku ambayo mahakama haikai, muda husogea hadi siku ya mahakama inayofuata. Ndio mwanya wa ile kamatakamata ya Ijumaa jioni, mtu akalala seli hadi Jumatatu kabla hajamwona hakimu.

Ninalolipinga ni kuifanya iwe kichaka cha wenye pesa, hali mvuvi au mama muuza viazi hajui kama mlango huo na wake pia. Kifungu cha 22 cha Katiba kinasema hakuna ada ya kufungua kesi ya kutetea haki, na kwamba mahakama, ikibidi, ipokee hata maombi yasiyo rasmi. Mwingine pia anaweza kwenda kwa niaba yako kama huwezi mwenyewe.

Basi askari wakibisha hodi mara ya kwanza, chukua kalamu siku hiyo hiyo: nani alikuja, saa ngapi, alitoka kituo gani, alisema nini. Ujumbe wa simu usiufute. Wito ukija kwa njia ya halali, nenda.