Jarida la bure nalo lina gharama

Anayenunua kabichi za Mgeta kupeleka Dar es Salaam huuliza mambo mawili: bei ya gunia na nauli ya lori. Ni nadra aulize mkulima alijifunza wapi kuzitunza. Mwaka 2011 jibu mojawapo lilitoka kwenye mtambo wa kuchapa: Mkulima Mbunifu, jarida dogo la kila mwezi la Kiswahili kuhusu kilimo hai.

Mtaji ulitoka kwa mfuko wa Biovision wa Uswisi, ulioanzishwa na Hans Herren mwaka 1998, ambao tayari ulikuwa na The Organic Farmer nchini Kenya tangu 2005. Baadaye jarida likawa chini ya SAT, shirika la kilimo endelevu la Morogoro. Nakala ziligawiwa bure kwa vikundi vya wakulima.

Bure! Hapo mfanyabiashara hukuna kichwa. Jarida huishi kwa mauzo, matangazo au mfadhili. Mauzo ni magumu: milimani Uluguru hakuna kibanda cha magazeti, na nauli ya pikipiki kupandisha furushi hadi Nyandira yaweza kumeza fedha yote itakayokusanywa huko. Matangazo nayo yana mtego wake. Mtangazaji mwenye fedha mashambani ni muuza mbolea za viwandani na dawa za wadudu, na jarida la kilimo hai likimpokea litakuwa limejikana lenyewe. Anabaki mfadhili, ambaye siku moja huaga.

Wenye haraka watasema basi lifungwe. Lakini Waluguru wamewahi kupewa ushauri wa aina nyingine. Katika miaka ya 1950 serikali ya kikoloni iliwalazimisha kuchimba matuta ya ngazi ili kuzuia mmomonyoko wa udongo. Mwaka 1955 zikazuka ghasia Matombo na mpango ukaachwa. Ushauri ule haukuuzwa hata senti moja, ila ulilipwa kwa siku za kazi za watu. Wa kwenye karatasi mtu anaweza kuukunja na kuuweka kando, au kuujaribu kwenye tuta moja kwanza.

Kwa maoni ya ukurasa huu, ankara ya kwanza ipelekwe kwa mnunuzi wa viungo anayefika Kinole na mizani yake. Pilipili manga na mdalasini visivyotiwa dawa ndivyo anavyovitafuta, na mkulima anayejua kuvizalisha amefundishwa kwa fedha ya mwingine.