Sauti ya Msomi, Mwili wa Mjinga: Kumfasiri Goofy kwa Watazamaji wa Ng'ambo ya Mombasa

Makala haya yanachunguza suali ambalo wafasiri wetu wa filamu aghalabu hulipita bila kulitazama: katika kibonzo cha mchezo, kicheko hutoka wapi? Mfano tunaoutumia ni How to Play Football, filamu fupi ya kampuni ya Walt Disney iliyotolewa mwaka 1944 chini ya uelekezaji wa Jack Kinney. Filamu hiyo iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar, ingawa mwaka huo tuzo ilichukuliwa na Mouse Trouble, ya paka Tom na panya Jerry. Watazamaji tunaowakusudia ni wa ng'ambo ya Mombasa, yaani Likoni, Kisauni na Changamwe, ambako msikilizaji ana sikio kali la Kiswahili na hutambua upesi anapochezewa.

Mhusika mkuu ni Goofy, mbwa mrefu atembeaye wima, mwenye kofia kichwani na meno mawili yaliyochomoza. Ajabu ya filamu hii ni kwamba takriban kila uso uwanjani ni wake. Anajipiga kumbo mwenyewe, anajikimbiza mwenyewe na kujiangusha mwenyewe. Timu mbili zinazomenyana ni za vyuo, Taxidermy Tech na Anthropology A&M. Jina la kwanza linarejelea ufundi wa kukausha na kujaza ngozi za wanyama waliokufa ili wasimame kama wazima. La pili linarejelea elimu ya mwanadamu na utamaduni wake. Sisi wa vyuo vikuu tunastahili kuisikia kejeli hiyo kabla ya mpira kurushwa.

Juu ya vurugu zote hizo pana sauti ya msimulizi asiyeonekana. Huyu hacheki. Anaeleza mchezo kwa utulivu wa mhadhiri, kwa lugha iliyopigwa pasi, kana kwamba kinachotokea mbele ya macho yetu ni nidhamu na ustadi mtupu. Hapo ndipo penye kinaya. Sikio linapokea somo huku jicho likipokea ajali, na mtazamaji hucheka kwa sababu yeye peke yake ndiye aliyepewa vyote viwili.

Mtindo huu ulikuwa na sababu ya kiutendaji. Pinto Colvig, aliyekuwa sauti ya Goofy, aliondoka Disney mwaka 1937. Mhusika akabaki na mwili bila ulimi wake wa awali. Mwaka 1941, katika sehemu iitwayo How to Ride a Horse ndani ya filamu The Reluctant Dragon, msimulizi alipewa kazi ya kusema naye Goofy akapewa kazi ya kuanguka. Mbinu ikakubalika, na baada yake zikaja The Art of Skiing mwaka huohuo, How to Play Baseball na How to Swim mwaka 1942, na nyinginezo.

Mfasiri hukumbana na mtego wa kwanza kwenye anwani. Akiandika "Jinsi ya Kucheza Kandanda" atakuwa amepotosha, kwani mchezo wenyewe ni mpira wa Kimarekani, unaobebwa mikononi, na timu hupewa majaribio manne ya kuusogeza yadi 10. Mtoto wa Likoni aliyelelewa kwenye viwanja vya mchanga akimwona mchezaji ameukumbatia mpira na kutimua mbio, atapaaza sauti: "Amenawa!" Atacheka, naam, lakini kicheko hicho ni cha kudhani kwamba mchezaji hajui sheria, ilhali filamu inamtaka acheke kwa kuwa sheria zinasifiwa huku watu wakivunjwa mbavu. Neno moja, "Kimarekani", laondoa utata huo.

Mtego wa pili ni mkubwa zaidi. Katika vibanda vya video vya Kenya pameota mizizi utanzu wa masimulizi juu ya filamu za kigeni, na DJ Afro ndiye mashuhuri wake. Yeye huchanganya Kiswahili na Sheng, humbandika jambazi jina la mtaani na kumfanyia mzaha shujaa anayevuja damu. Ni sanaa halisi, nami siidharau. Hata hivyo, hufaulu kwa sababu picha haina mzaha: picha imekunja uso, msimulizi anacheka. Kwa Goofy mambo yamepinduliwa. Tumwekee msimulizi wa kibandani, na wote wawili watakuwa wachekeshaji. Hapatakuwa na wa kuchekwa.

Tuchukue mfano wa kubuni, ambao haumo katika filamu. Mchezaji amelala kifudifudi, na wenzake kumi wanapita juu ya mgongo wake. Mfasiri wa kwanza anasema: "Oyaa, cheki jamaa anavyokanyagwa!" Ametueleza tunachokiona. Wa pili anasema: "Sasa mchezaji anapumzika kidogo, huku akipokea pongezi za wenzake." Huyu wa pili ameifahamu filamu.

Kuna kishawishi kingine, cha kumpa Goofy maneno, tena kwa lafudhi ya kabila fulani. Televisheni yetu imezoea jambo hili. Hata Vioja Mahakamani, ambayo hutumia vyema mgongano wa sajili rasmi ya mahakama na ukaidi wa mshtakiwa, mara nyingi iliegemea matamshi ya washtakiwa ili kuchekesha. Ng'ambo ya Mombasa jambo hili linauma. Likoni kuna Wadigo, Kisauni kuna Wagiriama, na Changamwe bandari na reli zimekutanisha Wakamba, Waluo na Waluhya na wenyeji wao. Wengi wao wamewahi kuketi mahali ambapo ulimi wao ulichekwa. Ujinga wa Goofy uko miguuni, hauna kabila, na mfasiri hana haki ya kuupa.

Sauti inayofaa tunayo mfano wake, tena nyumbani. Leonard Mambo Mbotela, aliyefariki mwaka 2025, alikuwa wa Freretown, makazi ya watumwa walioachwa huru yaliyoanzishwa na Church Missionary Society katika miaka ya 1870 ng'ambo ya kaskazini ya kisiwa. Kwa miaka mingi alitangaza mechi za kandanda redioni kwa Kiswahili fasaha, na msikilizaji asiyeona uwanja alilazimika kumwamini. Sauti ya namna hiyo, iwekwe juu ya Goofy, ingemfikia mtazamaji wa makamo ikiwa imebeba imani hiyo yote, na picha ingeisaliti pale pale.

Limebaki suala la urefu. Sentensi rasmi ya Kiswahili huweza kuizidi picha, nayo filamu yote haifiki hata dakika kumi. Ushauri wetu ni kupunguza vivumishi, kuacha viambishi vibebe mzigo ("aliyemkanyaga" ni neno moja tu), na kuhakikisha kuwa sentensi imekwisha kabla Goofy hajagonga chini. Yowe lake lisifasiriwe.