Je, Wajua? Kalamu Iliyowachonga Wachongaji

Mchoraji akimaliza kazi huosha brashi akaenda zake. Anayekuja nyuma yake na daftari ndiye huamua nani akumbukwe, nani asahaulike na, mara nyingine, nani asingiziwe. Leo tunawapekua hao wenye madaftari: wanahistoria wa sanaa.

1. Je, wajua kwamba kitabu kinachohesabiwa kuwa baba wa historia ya sanaa Ulaya kiliandikwa na mtu aliyeshika brashi mwenyewe? Giorgio Vasari, mchoraji na msanifu majengo mzaliwa wa Arezzo, Italia, alikichapisha mjini Florence mwaka 1550. Humo alisimulia maisha ya wachoraji, wachongaji na wajenzi, kuanzia Cimabue hadi Michelangelo, ambaye wakati huo alikuwa bado hai. Mwaka 1560 Vasari alianza kumjengea mtawala Cosimo wa ukoo wa Medici jengo la makarani. Jina la jengo hilo, Uffizi, maana yake ni ofisi tu! Leo ofisi hizo ni jumba la makumbusho, na kuta zake zimejaa kazi za watu walewale aliowaandika.

2. Je, wajua kwamba Vasari alimbambikia marehemu kesi ya mauaji? Aliandika kwamba mchoraji Andrea del Castagno alimuua mwenzake Domenico Veneziano kwa husuda, akiitamani siri ya rangi za mafuta peke yake. Wasomaji waliimeza hadithi hiyo kwa karne tatu hivi. Nyaraka zilipofukuliwa, mambo yakageuka: Castagno alifariki mwaka 1457, Domenico mwaka 1461. Muuaji alikuwa kaburini miaka minne kabla ya "aliyeuawa" kukata roho.

3. Je, wajua kwamba katika toleo hilohilo la 1550 alikuwamo mwanamke? Ni Properzia de' Rossi wa Bologna, mchongaji aliyesifika kwa kuchonga taswira ndogo ndogo juu ya kokwa za tunda la pichi. Mkumbuke huyu mama, tutamhitaji mbele.

4. Je, wajua kwamba Wachina walimtangulia Vasari kwa miaka 700? Mwaka 847, enzi ya Tang, Zhang Yanyuan alikamilisha kitabu kuhusu wachoraji mashuhuri wa zama zote, akawataja zaidi ya 370. Ndimo ilimo habari ya Zhang Sengyou, aliyechora majoka manne hekaluni akayaacha bila mboni za macho. Watu wakamcheka. Akachukua brashi, akatia mboni kwa mawili. Radi ikapiga, ukuta ukapasuka, na majoka yale mawili yakaruka mbinguni. Yasiyo na mboni yakabaki ukutani. Hadi leo Wachina husema "kutia mboni za joka" wakimaanisha jambo dogo linaloipa kazi nzima uhai.

5. Je, wajua kwamba mojawapo ya ngano maarufu kuliko zote za uchoraji imehifadhiwa na ofisa wa majeshi? Plinio Mkubwa, Mroma, aliandika ensaiklopidia ya vitabu 37 kuhusu maumbile, na katika kitabu cha 35 akazungumzia uchoraji. Humo Zeuksisi anachora zabibu, ndege wanakuja kuzidonoa. Mshindani wake Parasio anamwonyesha picha iliyofunikwa pazia. Zeuksisi anasema: haya, funua tuone. Kumbe pazia ndilo picha! Wa kwanza alidanganya ndege, wa pili alidanganya fundi. Plinio mwenyewe alifariki mwaka 79, volkano ya Vesuvio ilipolipuka, alipokwenda na merikebu kutazama na kuokoa watu.

6. Je, wajua kwamba mtu aliyeifundisha Ulaya kuisujudia sanaa ya Ugiriki hakuwahi kukanyaga Ugiriki? Johann Joachim Winckelmann, mtoto wa fundi viatu wa Stendal, Ujerumani, alichapisha mwaka 1764 historia ya sanaa ya kale. Kabla yake, wengi waliandika maisha ya wasanii mmoja mmoja. Yeye aliandika maisha ya mtindo wenyewe: unazaliwa, unakua, unakomaa, unachakaa. Ila alijifunza mengi kutokana na sanamu zilizokuwa Roma, nyingi zikiwa nakala zilizochongwa enzi za Warumi.

7. Je, wajua kwamba weupe wa sanamu hizo ni kazi ya mvua, udongo na miaka? Winckelmann aliandika kwamba mwili mzuri huzidi uzuri kadiri unavyozidi weupe, na Ulaya ikaitikia amina. Lakini mabaki ya rangi yaliyopatikana kwenye marumaru yameonyesha kwamba sanamu nyingi za kale zilipakwa nyekundu, buluu na manjano, macho na nywele vikatiwa rangi. Uzuri uliosifiwa kwa miaka mingi ulikuwa kazi iliyochujuka.

8. Je, wajua kwamba bingwa huyohuyo aliingizwa mjini? Katika kitabu chake aliusifu mchoro wa ukutani wa Jupita na Ganimede kuwa wa kale, kumbe ulitengenezwa wakati wake. Anayetajwa kuwa ndiye aliyeutengeneza ni Anton Raphael Mengs, mchoraji na rafiki yake. Mwaka 1768 Winckelmann aliuawa kwa kisu katika nyumba ya wageni mjini Trieste.

9. Je, wajua kwamba masikio yanaweza kumtaja mchoraji? Giovanni Morelli, Mwitaliano aliyesomea udaktari, aliwaambia watu wasitazame uso wala tabasamu, maana hapo kila mwigaji huwa makini. Tazama ndewe ya sikio, kucha, vidole: vitu ambavyo mkono huchora kwa mazoea. Kwa njia hiyo, picha iliyokuwa Dresden, ikidhaniwa kuwa nakala tu, aliitambua kuwa ni Venus ya Giorgione. Na kwa kuwa alikuwa na utani, aliandika kwa jina la bandia la Kirusi, Ivan Lermolieff: herufi za Morelli zilizopanguliwa na kutiwa mkia wa Kirusi. Sigmund Freud alimtaja katika insha yake ya mwaka 1914 kuhusu Musa wa Michelangelo, akisema njia hiyo ni ndugu wa kazi yake ya kupekua nafsi.

10. Je, wajua kwamba mtoto wa mwenye benki aliwahi kuuza uzaliwa wa kwanza? Esau aliuuza kwa mchuzi wa dengu. Aby Warburg wa Hamburg, akiwa na miaka 13, aliuuza kwa vitabu. Alimwachia mdogo wake Max haki ya kurithi benki ya familia, kwa sharti kwamba Max atamnunulia kila kitabu atakachotaka maisha yake yote. Max akakubali, asijue alichokubali. Manazi waliposhika dola, maktaba ya Aby ilikuwa na vitabu 60,000 hivi. Desemba 1933 vilipakiwa melini, vikahamia London, vilipo hadi sasa. Vitabu havikupangwa kwa alfabeti, bali kwa ujirani: unachokitafuta kikae kando ya kile usichojua kwamba unakihitaji.

11. Je, wajua ni nani aliyezoesha wanafunzi kutazama picha mbili kwa pamoja? Heinrich Wölfflin, Mswisi, alitumia projekta mbili darasani: picha moja kushoto, nyingine kulia. Tofautisha! Kitabu chake cha 1915 kimejengwa juu ya jozi tano za dhana zinazokabiliana, na wahadhiri wa sanaa duniani wangali wanamwiga.

12. Je, wajua kwamba somo zito la maana ya picha lilianza na kofia? Erwin Panofsky, aliyefukuzwa Chuo Kikuu cha Hamburg na Manazi kwa kuwa Myahudi, alichapisha Marekani mwaka 1939 kitabu cha kufafanua alama katika sanaa. Mfano wake wa kwanza: mtu anakutana nawe njiani, anainua kofia. Macho yanaona mkono na kofia vikisogea. Lakini ni lazima ujue desturi ili utambue kuwa umeamkiwa. Ni kama mgeni asiyejua Kiswahili akisikia "hodi": sauti ameisikia, ila hajui kwamba mlangoni kuna mtu anayengoja kukaribishwa.

13. Je, wajua kwamba mwanahistoria wa sanaa aliinusa habari ya kifo cha Hitler kabla haijatangazwa? Ernst Gombrich, mzaliwa wa Vienna, aliajiriwa na BBC wakati wa vita kusikiliza redio za Wajerumani. Mwaka 1945 redio ikasema tangazo kubwa linakuja, kisha ikapiga simfonia ya Bruckner. Gombrich alijua kwamba sehemu ile ilitungwa kuhusiana na kifo cha Wagner. Akaandika kikaratasi: Hitler amekufa. Habari ikapelekwa kwa Churchill. Miaka mitano baadaye, 1950, alitoa kitabu chake cha hadithi ya sanaa, ambacho kimeuza zaidi ya nakala milioni 8.

14. Je, wajua kwamba toleo la kwanza la kitabu hicho kinachopendwa hivyo halikuwa na msanii mwanamke hata mmoja? Sasa mwite tena Properzia na kokwa zake za pichi. Vasari alimwona mwaka 1550. Miaka 400 baadaye hakuonekana. Mwaka 1971 Linda Nochlin, Mmarekani, aliuliza katika insha yake: kwa nini hakujawa na wasanii wakubwa wanawake? Hakujibu kwa kufukua majina tu. Aliuliza nani alikuwa na ufunguo wa mlango: kwa karne nyingi wanawake walikatazwa kuchora mwili wa mtu aliye uchi, na bila zoezi hilo hukuweza kuchora picha kubwa za historia zilizoleta sifa. Mwaka 2022 Mwingereza Katy Hessel akajibu mapigo kwa kitabu cha hadithi ya sanaa kisicho na wanaume.

15. Je, wajua kwamba mtunzaji wa picha za Malkia wa Uingereza alikuwa jasusi? Anthony Blunt, bingwa wa mchoraji Poussin na mkuu wa Taasisi ya Courtauld, aliwapelekea Wasovieti siri. Serikali ilipata ungamo lake mwaka 1964, ikanyamaza. Mwaka 1979 Margaret Thatcher alimtaja bungeni, na Blunt akavuliwa cheo cha Sir.

16. Je, wajua kwamba kulikuwa na jasusi mwingine, wa heri? Manazi walipoligeuza jumba la Jeu de Paume mjini Paris kuwa ghala la sanaa za wizi, walimwacha mfanyakazi mmoja mpole, Rose Valland. Hawakujua kwamba anaelewa Kijerumani. Kila alichosikia na kuona kikiondoka alikiandika kwa siri: picha gani, ya nani, inapelekwa wapi. Daftari lake lilisaidia kurudisha maelfu ya kazi baada ya vita.

17. Je, wajua kwamba kitabu cha mwanzo cha Ulaya kuutetea uchongaji wa Kiafrika kama sanaa kamili hakikutaja mchongaji hata mmoja? Mjerumani Carl Einstein alikitoa mwaka 1915, kikiwa na picha nyingi za sanamu na vinyago. Chini ya picha hakuna jina la fundi, wala la mahali. Vasari alijua nani alichonga kokwa ya pichi. Huku sanamu nzima zikaitwa yatima.

18. Je, wajua kwamba misikiti na majumba ya kale ya pwani yetu yana daftari lake? Peter Garlake alichapisha mwaka 1966 utafiti wa usanifu wa awali wa Kiislamu katika pwani ya Afrika Mashariki, Kilwa ikiwamo, na ramani alizopima kwa mkono. Akiwa Rhodesia, alikataa kuficha kwamba Zimbabwe Kuu ilijengwa na Waafrika, na mwaka 1970 akaihama nchi. Naye Usam Ghaidan alitoa mwaka 1975 kitabu juu ya mji wa Lamu na nyumba zake za mawe, zenye sehemu ziitwazo daka, msana na ndani.

19. Je, wajua kwamba Mary Leakey, tunayemjua kwa mafuvu ya Olduvai, alikuwa binti wa mchoraji? Mwaka 1951 alikaa Kondoa, katikati ya Tanzania, akinakili michoro ya miambani, na mwaka 1983 akaitolea kitabu. Mwaka 2006 UNESCO iliiweka michoro hiyo katika Urithi wa Dunia.

20. Je, wajua jina la Everlyn Nicodemus? Alizaliwa Marangu, Kilimanjaro, mwaka 1954. Ni mchoraji, mshairi na mwanahistoria wa sanaa. Mwaka 2012 alipata udaktari wa falsafa katika Chuo Kikuu cha Middlesex, London, kwa utafiti juu ya sanaa ya kisasa ya Afrika na majeraha ya watu weusi. Mwaka 1982 alijichora mwenyewe. Mwaka 2022 Jumba la Taifa la Picha za Watu mjini London liliinunua picha hiyo, ikawa ya kwanza humo ya mwanamke mweusi kujichora kwa rangi. Vasari naye, mwishoni mwa toleo lake la 1568, alijiandika mwenyewe, asingoje mwingine amsimulie. Binti wa Marangu hakungoja pia: alishika brashi, kisha akashika na daftari.