Kamba ya Ufuoni: Sinema ya Seidl na Lugha ya Pwani

Katika filamu Paradies: Liebe ya Mwaustria Ulrich Seidl, iliyoshindanishwa katika tamasha la Cannes mwaka 2012, mna picha moja ambayo mkazi wa Diani hahitaji kuelezwa. Watalii wamejinyoosha juu ya viti vilivyopangwa safu. Mbele yao imefungwa kamba. Ng'ambo ya kamba wamesimama vijana, kimya, wakingoja. Kamera haisogei. Seidl hupenda kuiweka mbali na kuituliza hivyo, kila kitu kikiwa kimelingana kulia na kushoto, hadi mtazamaji aanze kuona haya kwa kutazama.

Filamu hii, iliyopigwa katika pwani ya Kenya, inamhusu mwanamke wa makamo kutoka Austria anayetafuta mapenzi kwa vijana wa ufuoni. (Walimu wasije wakaionyesha darasani, ina mambo ya utupu.) Linalostahili kuchunguzwa ni namna ilivyotungwa. Seidl alianzia katika filamu za hali halisi, na desturi yake ni kutoandika mazungumzo. Huandika tukio tu, kisha humwachia mwigizaji aseme kwa maneno yake. Huchanganya waigizaji stadi na watu wasiowahi kuigiza. Ndivyo Margarete Tiesel, mwigizaji wa kazi, alivyokutanishwa na Peter Kazungu. Tena hupiga picha kwa kufuata mtiririko wa hadithi, ili tukio la leo lizaliwe na lile la jana.

Je, uhuru huo ni sawa kwa wote? Nadhani sivyo. Mwigizaji wa Austria anabuni maneno kwa lugha aliyonyonya kwa mama yake. Kijana wa pwani anabuni kwa Kiingereza na Kijerumani cha kuokoteza, lugha za biashara yake. Kiswahili wanachofundishwa wageni ni "Jambo", neno lililokatwa kichwa kutoka "hujambo", pamoja na "Hakuna matata", ambalo mzee wa Msambweni angelisema kwa utulivu zaidi: "hapana neno". Seidl hakuizua hali hiyo, naye anaionyesha bila kuipamba. Lakini sikio lake limebaki upande wa viti.

Amil Shivji wa Tanzania alishika njia nyingine katika Vuta N'kuvute ya mwaka 2021, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi: wahusika wake wa Unguja wanapendana, wanagombana na kupanga siasa kwa Kiswahili chao.

Mwanafunzi wa Kwale mwenye kamera anaweza kuuazima utaratibu wa Seidl mzimamzima, bila mazungumzo yaliyoandikwa, ila asimame ng'ambo ile ya pili ya kamba. Vijana wale hawakai kimya wanapongoja. Hutaniana, hudaiana, huulizana habari za nyumbani, na wengi wao hufanya hivyo kwa Kidigo.