Rashidi Kawawa na Kiswahili cha Sinema za Kwanza

Jina la Rashidi Mfaume Kawawa lajulikana sana katika siasa: alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika mwaka 1962, kisha Makamu wa Pili wa Rais wa Tanzania. Wachache wakumbuka ya kuwa kabla ya hayo alikuwa mchezaji wa sinema. Kazi hiyo haikudumu, lakini kwa mtafiti wa lugha ina jambo la kutazamwa.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Serikali ya Tanganyika ilishirikiana na kampuni ya Afrika Kusini kutengeneza picha za sinema kwa Kiswahili. Kawawa, aliyekuwa ametoka Shule ya Serikali ya Tabora na kuajiriwa serikalini, alicheza katika Chalo Amerudi na katika Muhogo Mchungu, kisa cha mtu wa shamba ajaye Dar es Salaam na fedha zake akaangukia mikononi mwa walaghai wa mjini.

Mchezaji huyo hakuwa mtu wa pwani. Alizaliwa mwaka 1926 upande wa Songea, akamalizia masomo yake Tabora, kituo kikuu cha njia ya misafara baina ya Bagamoyo na Ujiji. Huko Kiswahili kilikuwa kimekwisha kuota mizizi tangu karne ya 19. Wafanya biashara Waarabu na Waswahili walikaa nacho Unyanyembe. Wapagazi wa Kinyamwezi wakakichukua njiani pamoja na pembe za ndovu. Shule yenyewe, iliyofunguliwa mwaka 1925, ilikusanya vijana wa makabila mengi, na vijana wa namna hiyo hawakosi kuhitaji lugha moja ya mazungumzo.

Wako wakipimao Kiswahili cha bara kwa kipimo cha Unguja au Mvita, wakakiona kipungufu. Kwa sinema kipimo hicho hakifai. Picha ya kuonyeshwa nchi nzima ilitaka usemi ambao Mnyamwezi, Mgogo na Mzaramo wataufuata bila mkalimani, na usemi huo ndio uliolelewa na misafara na mabweni, wala si na washairi wa pwani (ambao, tukubali, wangeucheka).

Mwaka 1955 Kawawa akawa Katibu Mkuu wa Shirikisho la Wafanyakazi wa Tanganyika, na siasa ikamchukua moja kwa moja. Mwaka 1967 ndiye aliyetangaza, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, kwamba shughuli za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili.