Mimea Itambaayo: Kutoka Mlakasa wa Ufukweni Hadi Matembele ya Uani



Wanafunzi wapenzi pamoja na wazazi wetu, katika toleo hili tuangalie mmea ambao wengi wetu tumeukanyaga na ndugu yake tumemla, bila ya kujua kuwa wawili hawa ni wa ukoo mmoja.

Ukienda ufukweni, pale mchanga mkavu unapoanzia, utaona mmea unaotambaa wenye maua ya zambarau yenye umbo la tarumbeta, na majani manene yaliyogawanyika nchani mithili ya kwato ya mbuzi. Huo ndio mlakasa. Sasa rudi nyumbani ulitazame ua la kiazi kitamu: umbo ni lile lile. Wataalamu wameiweka mimea hii katika jenasi moja iitwayo Ipomoea. Jina hilo lilitumiwa na Linnaeus mwaka 1753, nalo limetokana na maneno ya Kigiriki yenye maana ya kufanana na mnyoo, kwa jinsi mimea hii inavyojisokota. Si jina zuri, lakini ukiutazama mmea utaona kuwa limeuelekea.

Siri yake iko kwenye vifundo. Mti wa kawaida una mizizi mahali pamoja. Huu hutambaa, na kila kifundo kinapogusa udongo wenye unyevu huweza kutoa mizizi mipya. Rando moja la mlakasa linaweza kuzidi mita 10, basi fikiria limeishika ardhi mahali pangapi! Ufukweni, mchanga unaopeperushwa na upepo hunasa kati ya majani yake, hujikusanya mpaka ukawa tuta, na tuta hilo ndilo ngao bahari inapochafuka. Mbegu zake huelea katika maji ya chumvi bila ya kufa, ndiyo maana mlakasa unaonekana katika pwani za nchi za joto duniani kote. Kwa hiyo wanaoung'oa ili ufuko uonekane msafi wanaondoa kile kinachoushika ufuko wenyewe.

Wanafunzi wa darasa la Qur'ani mtakumbuka neno yaqtin katika Surat As-Saffat, kwenye kisa cha Nabii Yunus (a.s.). Wafasiri wengi wamesema ni mmea wa mung'unye, na wapo waliosema ni kila mmea usio na shina la kusimama, unaotandaa juu ya ardhi. Lakini asitokee mtu akasema ni kiazi kitamu! Asili ya kiazi kitamu ni Amerika, na kililetwa Afrika baada ya Wazungu kuvuka bahari kwenda huko mwaka 1492.

Tuje uani. Nyumba zetu nyingi zina uwanja unaofagiliwa kila asubuhi mpaka ardhi inang'aa. Usafi ni jambo jema. Lakini uwanja ulio kwenye mteremko, ukiwa mtupu, kila masika hupoteza udongo, hata msingi wa nyumba ukaanza kuonekana na mizizi ya mwembe ikabaki nje. Hapo ndipo matembele yanapofaa. Majani yake huvunja nguvu ya matone ya mvua, kivuli chake huzuia magugu, na udongo haukauki upesi.

Chukua marando yenye afya, kiasi cha sentimita 30 kila moja, uyafukie zaidi ya nusu yake, ukiyapanga kukata mteremko badala ya kuufuata. Yamwagilie mpaka yashike. Kwenye mteremko chagua aina ya matembele ya majani, si ile ya kuzaa viazi vikubwa, kwa sababu kuchimba viazi ni kuulegeza tena udongo uliotaka kuushika. Viazi vya kula vipandwe kwenye matuta mahali tambarare.

Akina mama wengi huogopa kuwa majani mengi huleta nyoka, na hofu hiyo ina msingi. Acha nafasi ya hatua mbili kutoka ukutani, uifagie kama kawaida, na matembele yakatwe mara kwa mara yasifanye kichaka. Hicho kinachokatwa, zile ncha changa, ndiyo mboga yenyewe, na kwa nazi hakuna asiyeijua. Mlakasa wa ufukweni, hata hivyo, si mboga, na watoto waambiwe hivyo.

Kwa matuta ya viazi, tafuteni aina ya rangi ya chungwa ndani, ambayo mwili huitumia kutengeneza vitamini A, inayolinda macho ya watoto. Mwaka 2016 watafiti waliokieneza kiazi hicho Afrika, akiwemo Robert Mwanga wa Uganda, walipata Tuzo ya Chakula Duniani. Kwa futari ya Ramadhani kinapikwa kwa nazi kama viazi vingine.

Marando hayahitaji kununuliwa. Jirani mwenye matembele atakukatia fungu zima na shamba lake lisipungue, na wakati mzuri wa kumwomba ni mvua za mwanzo zinapoanza kulowesha ardhi.